Tundu Tupu kwenye Gurudumu la Kushoto

Inspekta Isidore Cirhuza alikuwa amelala chali chini ya Toyota iliyokufa, miguu yake nje, na Komanda Steve alikuwa amesimama karibu mno na miguu hiyo.

"Umeona kintu?"

"Bado, Komanda."

"Unatafuta nini? Gari ilianguka, batu bawili balikufa, mwenye gari iko mu kasho. Kazi imeisha."

"Yako labda. Yangu bado. Sogea kidogo, unaniziba mwangaza."

Komanda alisogea. Si kwa adabu. Alisogea kwa sababu alimhitaji mzee huyu anayechafua shati lake pale uani mwa parke, ofisi ya mashtaka. Angekuwa hamhitaji, mwalimu Honoré, mwenye gari, angekuwa ameshazikwa, na Isidore angesikia habari zake sokoni kama watu wengine wote.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi. Firmin, shemeji yake Honoré, aliichukua gari hii ateremke nayo Sange kumtoa mama yake, maana kule uwanda wa Ruzizi risasi zilikuwa zimeanza tena kulia. Kwenye kizuizi cha kutokea mjini, luteni mmoja wa Komanda Steve aliisimamisha, akafungua mlango, akakaa mbele bila kuuliza. Ndivyo walivyosafiri wanajeshi siku hizo. Kwenye mteremko wa Ngomo, gurudumu la mbele la kushoto likajikunja ndani kama mguu wa mlevi, na gari ikaenda bondeni. Firmin akafa. Luteni akafa. Na ilipojulikana kwamba gurudumu hilohilo ndilo Honoré alilokuwa amelitengeneza mwenyewe nyumbani kwake, Komanda alipata neno alilokuwa akilitafuta: sabotaji, hujuma.

Isidore aliupangusa mguu wa rotuli, ile chuma yenye kichwa cha mviringo inayoshika gurudumu lisitoke, akawasha tochi yake ndogo. Alikuwa ameomba, na aliomba kweli, aikute imevunjika. Rotuli ile ilikuwa ya mitumba, imetolewa kwenye gari nyingine huko Kadutu. Ingekuwa imevunjika, angeandika tu: chuma mbovu, kosa la vita, amina, kila mtu arudi kwake.

Haikuvunjika. Kichwa kilikuwa kizima, hesi za nati nzima, hakuna hata jino moja lililong'oka. Maana yake nati, au ekru kama wanavyoiita mafundi wa Bukavu, ilijifungua yenyewe polepole, shimo kwa shimo, hadi ikaanguka barabarani. Na ekru ya rotuli haijifungui, kwa sababu mguu wa rotuli una tundu linalopita kati, na ndani ya tundu hilo hupita kipini chembamba kinachopindwa huku na huku. Kipini kikiwepo, ekru haiendi popote.

Alisogeza tochi kwenye tundu. Lilikuwa tupu. Kipini kikikatika huacha kipande ndani, au mikwaruzo. Hapa palikuwa na grisi tu kwenye kingo, laini, kana kwamba mtu alikitoa taratibu.

"Sasa?" Komanda aliuliza.

Isidore alijivuta nje, akakaa chini, akajipangusa mikono kwa gazeti. "Kipini hakimo."

"Njo sabotaji."

"Au alisahau kukitia. Huo unaitwa uzembe, Komanda, na uzembe ni wa parke. Gereza la raia, hakimu wa raia."

Komanda alicheka bila kufungua mdomo. "Mwalimu wa fizike asahau? Muzee, usinichezeshe. Mbele jua iingiye nyuma ya Kahuzi nitakuya na jipu ya jeshi. Karatasi iseme sabotaji, unatia sahihi, ninamubeba."

"Na ikisema uzembe?"

"Basi iseme vizuri sana." Akakanyaga sigara yake. "Mukubwa wangu amechoka na kelele ya mapadri juu ya batu benye kupotea. Anataka sahihi yako. Mimi nataka mutu wa kulipa luteni wangu. Fanya haraka."

Aliondoka. Isidore alibaki amekaa pale chini, mgongo ukimuuma, akiyalaani magari, na walioyaunda, na waliomfanya yeye inspekta.

*

Kasho ya parke, chumba cha mahabusu, ilinuka mkojo na moshi wa majirani. Honoré alisimama alipomwona, akijaribu kunyoosha shati lake, adabu ya mtu aliyezoea kuingia darasani. Kioo kimoja cha miwani yake kilikuwa kimevunjika.

"Prof, kaa. Nieleze tena ile kazi yote, toka mwanzo."

"Nilishaeleza."

"Eleza kama unaelezea wanafunzi wavivu."

Hapo Honoré alitulia kidogo. Kueleza ndiko alikokujua. Gari ilikuwa inapiga ko-ko-ko kila ikiingia shimoni. Akaiinua kwa kriki, yaani jeki, akaweka mawe chini, akatoa gurudumu, akatikisa: rotuli ya zamani ilikuwa imelegea, na raba za mkono wa chini zimekwisha kabisa. Raba mpya hakuna mjini. Akakata zingine kwenye tairi la lori, akazichonga kwa kisu na sabuni hadi zikaingia. Akafunga rotuli ya Kadutu, akakaza ekru.

"Ukakaza hadi mwisho?"

Honoré alisita. "Nilikaza. Lakini tundu halikulingana na meno ya ekru. Kukaza tena, kle ya kukazia ilikataa. Nikairudisha nyuma kidogo. Kidogo tu."

"Eh! Prof! Ekru ya rotuli hairudishwi nyuma. Hata mimi najua, na mimi nimetengeneza Peugeot yangu kwa matusi tu."

"Najua, Inspekta. Hata nilipokuwa naifanya nilijua. Firmin alikuwa ananisumbua, mama mukwe iko Sange, risasi, unaelewa? Nikasema basi, gupiye itashika."

"Gupiye gani? Vipini vya kweli mjini hakuna."

"Nilikata reyo ya kinga yangu ya zamani. Chuma nzuri, ngumu. Nikaipitisha, nikaipinda kwa koleo huku na huku. Nikaita hata Mama Aurore aone, nikamuonyesha. Juu nilijua ni ile reyo njo inashika kila kintu."

Reyo ya kinga, yaani spoki ya baiskeli. Nusu ya magari ya Bukavu mwaka ule yalishikwa na spoki za baiskeli, nusu nyingine na sala.

"Una hakika uliitia?"

"Kama ninavyokuona."

"Basi nisikilize vizuri. Nimetoka chini ya gari sasa hivi. Tundu ni tupu. Hakikukatika kitu mle, hakuna kipande. Mtu alinyoosha ile reyo na kuitoa. Nitajie huyo mtu, Prof, na leo usiku utalala kwako."

Alidhani amemletea habari njema. Alitegemea kuona macho yakitafuta, midomo ikitaja jina la jirani, la adui, la mwalimu mwenzake. Badala yake Honoré aligeuza uso. Alitazama ukuta. Kisha akaketi chini polepole, kama mzee, ingawa alikuwa hajafika arobaini.

"Nilisahau," alisema.

"Nini?"

"Kuitia ile reyo. Nilisahau, Inspekta. Andika."

"Sasa hivi umeniambia ulimwita mke wako aione!"

"Nilichanganya na siku nyingine. Njaa inachanganya. Andika nilisahau."

Isidore alifunga daftari lake. Miaka yote ya kazi amesikia uongo wa kila rangi, lakini uongo wa mahabusu huwa ni wa kujitoa shimoni. Huyu alikuwa anajichimbia. Na mtu hajichimbii shimo kwa ajili ya jirani.

"Sijaandika kitu," Isidore alisema, akaita mlinzi amfungulie.

*

Alipanda Muhungu, mtaa wa Honoré, kwa miguu. Kote njiani, ndani ya kila parseli, yaani kila kiwanja, magari yalikuwa yamekalishwa juu ya mawe: hii haina gurudumu, ile haina taa, nyingine imefunguliwa kifuniko kama kuku aliyepasuliwa. Mgeni angesema mji huu hauna fundi. Wenyeji walijua. Gari nzima asubuhi ilikuwa ya jeshi jioni, na hakuna aliyewahi kurudishiwa. Kwa hiyo kila baba akirudi nyumbani alifungua delko, akatoa kile kipande kidogo kinachogawa moto, injini isiwake hata ikisukumwa na batalioni nzima. Na kipande hicho hakukaa nacho yeye, maana wanajeshi walipekua mifuko ya wanaume. Alimpa mke. Mke alikifunga kwenye fundo la kitenge kiunoni, akapika nacho, akasali nacho, akalala nacho. Gisèle, mke wa Isidore mwenyewe, alikuwa akisema amezaa watoto wanne na delko moja.

Kwa Honoré alipokelewa na jirani kabla ya mwenye nyumba. Mama Eulalie alikuwa ameegemea lupango, ule ua wa kati, mikono juu ya mbao, tayari.

"Papa Inspekta! Umekuya juu ya ile mambo? Uniulize mimi. Balipigana!"

"Nani?"

"Honoré na shemeji yake! Asubuhi ya ile siku. Makelele! Mutaa muzima balisikia."

Isidore alisogea. Moyo wake ulidunda; ugomvi ni kitu, ugomvi unaweza kupeleka mahali. "Walisema nini, mama? Maneno yenyewe."

"Firmin anasema, unipe gari, mama anakufa kule. Honoré anasema, hautatoka nayo mupaka nimalize, unataka kufa ku Ngomo? Firmin anatupa kofia chini, anaenda. Vile njo ilikuwa."

"Basi hiyo ndiyo vita yenyewe? Mtu anamkataza mwenzake asife?"

"Eh, mimi ninasema tu yenye nilisikia," Mama Eulalie alisema, amekasirika kidogo kwamba ushahidi wake haukupendwa. "Kisha Honoré alimaliza, akashusha gari, balimuita mbio ku masomo, wanajeshi balikuwa banataka kulala mu madarasa. Akaenda hata hakunawa mikono. Kisha Mama Aurore akaenda soko. Kisha Firmin akarudia. Alijua fasi ya funguo. Nilimuona anatoka na gari anaimba."

"Kati ya Honoré kuondoka na Firmin kurudi, nani aliikaribia gari?"

"Hakuna mutu. Mama Aurore tu. Alikuwa amepiga magoti pale ku tairi. Nilifikiri anatafuta mayai, kuku yake inapenda kutagia pale chini."

Isidore alimwacha pale. Alikwenda mahali gari ilipokuwa, chini ya kipenu cha mabati. Mawe yalikuwepo bado. Karatoni ambayo Honoré aliilalia ilikuwepo, ina umbo la mgongo wake kwa mafuta. Pembeni, juu ya tofali, palikuwa na vipande viwili vya reyo: kichwa chenye ndoano, na mwisho wenye hesi. Cha kati hakikuwepo. Kwa hiyo alikata kweli, na kipande cha katikati kilikwenda mahali. Na pale lilipokuwa gurudumu la kushoto, ambapo mvua haifiki, vumbi lilikuwa limeshika mabonde mawili madogo, ya magoti.

Aliinua macho. Kwenye kamba, kati ya mashuka, kilining'inia kitenge cha kijani. Kilikuwa kimefuliwa, kikafuliwa tena, lakini doa la grisi halikutoka. Lilikuwa kwenye urefu wa magoti.

"Balimupiga?"

Emérence, ndiye Mama Aurore, alikuwa amesimama mlangoni, kichwa kimefungwa kitambaa cheusi. Kaka yake alizikwa juzijuzi, mumewe yuko kasho, na bado alimletea inspekta kiti. Macho yake yalikuwa yamevimba hadi yamekuwa madogo.

"Hapana, Mama Aurore. Hawajampiga."

Ulikuwa uongo, lakini mdogo.

"Bananiambia jioni batamupeleka na jeshi. Papa Inspekta, mutu akienda na bale harudi. Nilizika Firmin. Sina nguvu ya kuzika tena. Ninakuomba, niko chini ya miguu yako." Na alikuwa chini kweli, amepiga magoti, na Isidore ilibidi amwinue kwa mabega.

"Inuka, mama, inuka. Nijibu tu. Ulimwona akitia ile reyo?"

"Nilimuona! Na macho yangu. Aliniita, akanionyesha, akapinda huku, akapinda huku." Mkono wake wa kulia ulikwenda kiunoni, kwenye fundo la kitenge, ukakaa pale. "Juu ya nini? Kwani banasema hakutia?"

Na hapo mpelelezi mzee alifanya kosa la mtoto. "Yeye mwenyewe anasema alisahau."

"Asema nini? Honoré? Asahau?"

"Acha hiyo kwanza. Delko, ile siku. Nani alitoa kipande cha delko?"

"Hakutoa. Hajapata hata wakati. Na mama mumoja akapita anasema kule Nyawera banakusanya magari, banaingia nyumba kwa nyumba. Mimi niko peke yangu, gari imesimama pale nzima, muzuri, kama imewaita. Nikasema Nyamuzinda, Mungu wangu, hii banabeba, na mama yangu atatoka Sange na nini? Basi mimi nami—"

"Nyamaza!"

Alisema kwa ukali hata Mama Eulalie akaondoka kwenye lupango. Emérence alirudi nyuma hatua moja. Mkono wake ulikuwa bado kwenye fundo, na sasa Isidore aliona lile fundo lilivyotuna, kitu chembamba kimesimama ndani ya kitambaa.

Hakutaka kusikia. Akisikia, inakuwa ushahidi, na ushahidi lazima uandikwe. Lakini alikuwa ameshajua yote. Mwanamke huyu alizoea kupewa kipande kidogo cha gari akifiche. Siku ile hakupewa. Alichokuwa amekiona ni mumewe akimwita, akimwonyesha kijichuma kimoja kwa uangalifu mkubwa. Basi akapiga magoti, akachukua koleo, akatoa kile alichoonyeshwa, akiamini bila hicho gari haitembei, akakifunga kiunoni, akaenda soko akiwa na amani. Na aliporudi akakuta gari imeondoka, alidhani nini? Kwamba Honoré alipita akatia reyo nyingine. Baiskeli imejaa reyo. Hadi dakika hii alikuwa amekaa na kile kipande, akingoja mumewe arudi akiulize, kama mke mwema anavyofanya. Alikuwa amemlilia kaka yake siku zote hizo kikiwa kiunoni.

Isidore alimsogelea, akashusha sauti.

"Mama Aurore, unisikie. Leo usitoke kwako. Wakuite, wasikuite, usitoke. Na hayo uliyotaka kuniambia, usimwambie mtu."

"Juu ya nini?"

"Juu ya mutoto wako," alisema, na akaondoka haraka kabla hajaulizwa tena.

*

"Umetoka kule," Honoré alisema. Haikuwa swali.

"Nimetoka."

"Mama Aurore iko nayo?"

"Kwenye kitenge."

Honoré alivua miwani, akafuta kile kioo kimoja kwa shati lililokuwa chafu kuliko kioo. "Anajua?"

"Hajajua. Anafikiri wewe ulirudi ukatia nyingine."

"Basi asijue." Sauti yake ilikatika, akaikusanya tena. "Firmin alikuwa mutoto mudogo kwao. Yeye njo alimubeba mugongoni. Akijua, Inspekta, hatabaki mutu mule ndani."

Isidore alikaa karibu naye, chini, kwenye saruji. Alipiga hesabu kwa sauti ya chini, maana hata kuta za parke zilikuwa na marafiki jeshini. Ukweli ungemtoa Honoré. Lakini ukweli wenyewe ulikuwa nini? Mwanamke alitoa kipini makusudi ili wanajeshi wasichukue gari, na mwanajeshi akafa. Hakuna namna ya kuandika hilo ambayo Komanda Steve asingeisoma sabotaji. Angempeleka mke, kwa jipu ileile. Ukisema uzembe, Honoré anaenda gereza kuu, miaka kadhaa labda, lakini yu hai, na vita siku moja huchoka.

"Itasimama?" Honoré aliuliza.

"Ukisema vizuri. Usiongeze, usipunguze."

"Mimi njo nilirudisha ekru, Inspekta. Ile si uongo. Ningekaza vile inafaa, hata bila reyo pengine wangefika. Kwa hiyo usiandike kama mutu anaandika uongo kabisa."

Isidore aliandika. Mwishoni Honoré alitia sahihi nzuri, ya duara, ile ya kwenye madaftari ya wanafunzi.

*

Jipu ilifika jua likiwa bado kidole kimoja juu ya milima. Komanda Steve aliisoma PV, ile taarifa ya Isidore, akiwa amesimama kando ya Toyota, akifuata mistari kwa kidole cha gumba. Honoré alikuwa ameletwa uani, mikono mbele, kamba ikimkata ngozi.

"Alisahau," Komanda alisema. "Mwalimu, ulisahau?"

"Nilisahau, Komanda. Nilirudisha ekru nyuma, na gupiye nikasahau. Kosa ni yangu."

"Shemeji yako alikufa."

"Ndiyo."

"Na unasema tu ndiyo."

"Sina neno lingine."

Komanda alimzunguka, akamtazama kisogo, akamtazama uso. Mtu wa vita hutambua woga wa mwongo, lakini hapa palikuwa na huzuni tu, na huzuni hakujua kuisoma. Alikuwa karibu kukubali. Isidore aliliona hilo, aliona bega la Komanda likishuka, kalamu ikitoka mfukoni.

Ndipo sauti ikatoka getini.

"Alitia! Aongopa! Alitia!"

Emérence aliingia akikimbia, kitambaa cheusi kimemfunguka, kiatu kimoja hakipo. Mlinzi alijaribu kumshika, akapita chini ya mkono wake. Kiganja chake cha kulia kilikuwa kimefungwa.

"Komanda, nakuomba, unisikie! Bwana yangu hakusahau! Niko na ushahidi, niko nayo hapa, mimi mwenyewe ni—"

"Toa huyu mwanamke!" Isidore alipiga kelele. "Mlinzi! Mtoe!"

"Mwache," Komanda alisema. Alirudisha kalamu mfukoni. "Mwache aseme. Mama, unasema alitia?"

Isidore alipiga hatua mbele. Alimtazama mwanamke, akatikisa kichwa kidogo tu, lakini Emérence hakumwona, alikuwa anamtazama mumewe.

"Papa Aurore, waambie! Ulinionyesha! Ulinionyesha, si wewe?"

"Nilisahau," Honoré alisema.

"Honoré!"

"Mama Aurore, nilisahau. Rudi nyumbani."

Alisema polepole, kwa upole ule anaousema mtu akimfunika mtoto blanketi. Emérence alimsogelea hatua moja. Alijua kwamba mumewe anadanganya, hakuna duniani aliyejua hilo kuliko yeye. Alitazama uso wake, akitafuta sababu. Kisha macho yakateremka, yakaenda kwenye Toyota iliyokuwa imelala pale karibu, kwenye gurudumu la kushoto lililojikunja, kwenye mguu wa rotuli ambao Isidore alikuwa ameupangusa asubuhi hadi ukang'aa, na katikati yake lile tundu, jeusi, wazi. Aliangalia tundu. Aliangalia kiganja chake kilichofungwa.

Isidore aliona ukweli ulipomfika.

"Mama," Komanda alisema, "iko nini mu mukono?"

Emérence alifungua kiganja, na pale palikuwa na kipande cha reyo, kimepinda ncha zote mbili, kimeng'aa kwa kukaa kwenye nguo.

"Ni reyo," alisema. "Ya kusokotea nywele."

"Na ushahidi wako?"

"Sina ushahidi." Sauti yake haikuwa tena na mtu ndani. "Nilikuya kumuuliza juu ya nini alisahau. Firmin alikuwa kaka yangu. Nilisema aongopa juu sikuweza kuamini. Sasa ninaamini."

Komanda alimtazama, akatazama reyo, akatema mate. Wanawake waliofiwa amewaona wengi, wote wanapiga kelele, wote hawana maana. Alitia sahihi ile karatasi juu ya bodi ya gari, akamtupia Isidore.

"Kaa na mwalimu wako," alisema, akapanda jipu.

Vumbi lilipotulia, mlinzi alimshika Honoré mkono kumpeleka gereza kuu. Mume na mke walisimama umbali wa mikono miwili. Hakuna aliyemgusa mwenzake. Honoré alijaribu kutabasamu, akashindwa, akainamisha kichwa, akafuata.

Emérence alikaa chini pale pale penye mafuta. Hakulia. Alichukua ncha ya kitenge, akaiweka reyo ndani, akafunga fundo, akakaza, akakaza tena kwa meno.

Isidore alisimama karibu naye bila kujua aweke wapi mikono.

"Papa Inspekta," alisema yeye, bila kuinua uso. "Kule gerezani hawawapatii chakula, si vile? Ni jamaa njo inaleta."

"Ndiyo, mama. Ni jamaa."

"Kesho nitamupikia bugali na sombe. Banaruhusu kuingia saa ngapi?"